OKIDI: MALI BILA DAFTARI

Hotuba iliyotolewa na mwanafunzi wa zamani katika mkutano wa mwaka wa Umoja wetu, bwalo la shule



Barua ya Katibu ilinitaka niseme juu ya "jambo lolote lenye manufaa kwa vijana". Mtumishi wa serikali akiambiwa jambo lolote, kwa kawaida huchagua nidhamu kazini, na naona baadhi ya vijana wa kule nyuma wameshajiandaa kusinzia. Wasiwe na shaka. Leo nitasema juu ya maua.

Nasikia kicheko, nami sikilaumu. Enzi zetu hapa, mvulana aliyeonekana ameinama kuchunguza ua alipewa jina lililomfuata mpaka anamaliza shule. Lakini naomba mnivumilie, maana maua ninayoyasema yamo katika milima yetu hii ya Nyanda za Juu Kusini, yana soko ng'ambo ya mpaka, viazi vyake vinachimbwa kwa magunia, na ninyi vijana mliomo humu huenda mkawa kizazi cha mwisho kuyaona yakiwa mengi. Maua hayo ni okidi.

Chuo Kikuu nilisoma elimu ya mimea. Siku hizi kazi yangu ni ya mezani, penye majalada na mihuri, lakini somo lile sikuliacha, na kazi ya majalada imenifundisha ukweli wa methali moja ya wazee wetu: mali bila daftari hupotea bila habari. Nimechagua methali hiyo iwe kichwa cha maneno yangu, kwa sababu sijaona mali inayoifaa zaidi kuliko okidi.

OKIDI NI MMEA GANI?

Okidi si mmea mmoja, ni familia. Wataalamu wameshaorodhesha karibu spishi 28,000 duniani, na katika mimea yote itoayo maua ni familia ya alizeti peke yake inayoweza kushindana nayo kwa wingi. Zinaota katika kila bara isipokuwa lile la barafu la kusini. Nyingine ni ndogo kuliko ukucha, nyingine hupanda miti kama mnyoo mrefu wa kijani.

Mtu ataijuaje? Achukue ua na kulitazama kwa utulivu. Ataona vipande sita: vitatu vya nje, ambavyo mwalimu wa biolojia anaviita sepali, na vitatu vya ndani, yaani petali. Katika petali hizo tatu, moja haifanani na wenzake. Ni pana zaidi, au imepasuka, au ina mkia mrefu nyuma. Hiyo huitwa mdomo, na mara nyingi ndicho kiwanja anachotua mdudu. Halafu atazame katikati. Ua la kawaida lina viungo vya kiume na vya kike vilivyosimama mbalimbali. Ua la okidi limeviunganisha kuwa nguzo moja fupi. Na chavua yake, katika okidi zilizo nyingi, si unga unaopeperuka kama wa mbelewele za mahindi. Imefungwa katika vidonge vyenye gundi, na mdudu akiingia hutoka navyo vimembandika kichwani, kama tarishi aliyepewa kifurushi bila kuulizwa.

Tarishi huyo si mdudu yeyote tu. Nchini Madagaska kuna okidi nyeupe iitwayo Angraecum sesquipedale, yenye mkia wenye asali unaofikia karibu sentimita 30. Charles Darwin alipoiona, aliandika mwaka 1862 kwamba lazima yuko nondo mwenye ulimi wa urefu huo. Baadhi ya watu walimcheka. Mwaka 1903, Darwin akiwa ameshafariki miaka mingi, nondo huyo alielezwa rasmi na wataalamu, na ulimi wake ulitosha. Nawaambieni habari hii ili mkumbuke jambo moja: ua la namna hii likipoteza mdudu wake, litachanua na kunyauka bila mbegu hata moja.

Tukija kwenye mbegu, hapo ndipo penye siri kubwa kuliko zote. Ninyi wa bweni mnayafahamu maharage vizuri kuliko mimi. Punje ya haragwe karibu yote ni chakula. Mama amemfungia mtoto masurufu ya safari, na ndiyo masurufu hayo tunayoyala sisi. Mbegu ya okidi haina masurufu. Ni kama vumbi, na tunda moja huweza kuwa na maelfu ya mbegu, na kwa aina nyingine hata mamilioni. Upepo huzichukua zote, na karibu zote hufa. Mbegu haiwezi kuota mpaka iangukie mahali penye kuvu fulani ya ardhini au ya kwenye gome la mti. Kuvu hiyo huingia ndani ya mbegu na kuilisha, miezi na pengine miaka, mpaka mmea uweze kujitengenezea chakula wenyewe kwa majani yake. Aliyeigundua siri hiyo ni Mfaransa Noël Bernard, mwaka 1899. Kabla ya hapo, watunza bustani wa Ulaya walimwaga mbegu za okidi na kusubiri, wasijue kwa nini haba tu ndizo zilizoota.

Kwa hiyo, ndugu zangu, mnapoiona okidi moja imesimama majanini, msidhani mnatazama mmea mmoja. Mnatazama mmea, kuvu, mdudu na ardhi vilivyofunga mkataba. Ukimwondoa mmoja, mkataba umevunjika.

WA MITINI NA WA ARDHINI

Okidi zina namna mbili kubwa za kuishi. Zilizo nyingi duniani huishi juu ya miti. Hapa nataka niondoe dhuluma moja ya siku nyingi. Watu wengi huamini kwamba okidi iliyokaa juu ya mti inaunyonya, na hivyo huikwangua na kuitupa. Si kweli. Mti kwake ni kama kitanda cha juu pale bwenini: anayelala juu hamnyonyi wa chini damu. Mizizi yake imevikwa ganda la sponji jeupe, linalofyonza umande na mvua upesi kabla maji hayajateremka. Ziko hata okidi zisizo na majani kabisa, za jenasi Microcoelia, ambazo mizizi yake ya kijani ndiyo inayofanya kazi ya majani.

Kaka zangu mnaotoka pwani na katika nyanda za joto bila shaka mmeiona Ansellia africana, yenye maua ya manjano na madoa ya kahawia kama ngozi ya chui. Hiyo huwa kichaka kikubwa juu ya tawi, na baadhi ya mizizi yake husimama kuelekea juu kama miiba, ikawa tenga la kukusanyia majani makavu yanayoanguka. Majani hayo yakioza yanakuwa mbolea yake.

Huku kwetu kwenye baridi na majani mafupi, okidi zetu mashuhuri ni za ardhini, nazo ndizo zilizonileta hapa. Kiangazi huwezi kuziona. Majani na shina vimekufa. Chini ya udongo kimelala kiazi. Mvua zikianza, kiazi hicho huchipua na kulisha shina, majani na ua, nacho kinazidi kusinyaa. Wakati huo huo, pembeni yake, kiazi kipya kinajaa. Kile cha zamani ni akiba ya mwaka jana inayotumika. Kile kipya ni akiba ya mwaka ujao. Ndiyo maana ukichimbua okidi yenye ua, utakuta viazi viwili, kimoja laini na kingine kigumu.

Wayunani wa kale walipoviona viazi hivyo vimekaa sambamba, waliuita mmea huo orchis, na neno hilo kwa lugha yao ni korodani. Walimu mtanisamehe, hayo ndiyo maelezo ya kitaalamu, na jina hilo ndilo limekuwa la familia nzima. Vijana mkitaka kucheka, chekeni sasa ili tuendelee.

KWA NINI MAJINA YA KILATINI?

Kila mwanafunzi wa elimu ya mimea huuliza swali hili: majina haya magumu ya nini? Nitajibu kwa mfano wa hapa hapa shuleni. Enzi zetu walikuwapo akina Simba watatu: mmoja mcheza mpira, mmoja kwa sababu ya sauti, na wa tatu kwa sababu alikuwa mwoga kuliko wote. Katika uwanja jina la utani lilitosha. Lakini mwalimu wa zamu alipotaka kujua nani hayupo, hakuuliza Simba. Alifungua daftari la mahudhurio.

Mswidi Carl Linnaeus alifungua daftari la namna hiyo kwa mimea yote katika kitabu chake cha mwaka 1753. Kila mmea ulipewa majina mawili: la kwanza la jenasi, kama jina la ukoo, na la pili la spishi, kama jina la mtu mwenyewe. Jenasi zinakusanywa katika familia. Siku hizi wataalamu hulinganisha pia chembe za urithi, siyo sura ya ua tu, na kwa njia hiyo wameigawa familia ya okidi katika matawi makubwa matano. Vanila iko katika tawi moja, Ansellia katika jingine, na okidi zetu za viazi katika tawi la tatu.

Kwa Afrika Mashariki daftari hilo lipo. Kitabu kikubwa cha mimea ya nchi zetu tatu, Flora of Tropical East Africa, kilizieleza okidi katika sehemu tatu: ya kwanza ilitoka mwaka 1968, ya pili 1984 na ya tatu 1989. Huhitaji kukisoma chote ili uanze. Kwa milima yetu, mjue kwanza jenasi tatu.

Satyrium: mdomo wake uko juu badala ya chini, umekunjwa kama kofia, na nyuma unatoa mikia miwili. Ukiona mikia miwili, umeipata.

Disa: kofia yake haikutokana na mdomo bali na sepali ya juu, na ina mkia mmoja tu. Baadhi yake zina rangi kali ya waridi au nyekundu.

Habenaria: mara nyingi ni ya kijani au nyeupe, na mdomo wake huwa umepasuka vipande vitatu kama nyuzi. Nyingi hunukia usiku kwa kuwa wageni wao ni nondo.

Mvulana wa kidato cha pili anaweza kujifunza tofauti hizo alasiri moja. Sasa nitaeleza kwa nini napenda ajifunze.

HABARI YA CHIKANDA

Kaskazini mwa Zambia, hasa kwa ndugu zetu Wabemba, kuna chakula cha siku nyingi kiitwacho chikanda. Viazi vya okidi hukaushwa na kutwangwa, unga wake hupikwa pamoja na karanga zilizotwangwa, chumvi, pilipili na magadi, mpaka uwe mgumu. Kisha hukatwa vipande kama mkate. Si chakula kibaya. Kwao ni kitoweo cha heshima. Zamani kilipikwa vijijini kwa viazi vilivyochimbwa jirani, na ardhi ilihimili.

Baadaye chikanda kikahamia mjini, kikauzwa sokoni na pembeni mwa barabara. Walaji wakaongezeka, viazi vikapungua kule kwao, na wafanyabiashara wakavuka kuja kwetu. Magunia yakaanza kuteremka kutoka milima ya Nyanda za Juu Kusini kwenda Tunduma na kuvuka mpaka. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2003 ulikadiria kwamba viazi vilivyokwenda Zambia kutoka kwetu vilikuwa kati ya milioni 2.2 na milioni 4.1 kwa mwaka mmoja. Tangu hapo biashara hii imegusa pia Malawi, Angola na Msumbiji. Mnaona mwendo wake: panapokwisha, inasogea.

Sasa kumbukeni viazi viwili. Mchimbaji huitafuta okidi wakati ina majani au ua, maana vinginevyo haionekani. Kati ya viazi viwili, mnunuzi anataka kile kigumu, kilichojaa. Hicho ndicho mmea wa mwaka ujao. Na kwa kuwa ua limeng'olewa kabla ya kuzaa, mbegu za mwaka huu nazo zimekwenda. Mkulima wa mihogo akichimba muhogo, hukata kipande cha shina na kukirudisha ardhini; wiki chache baadaye kimechipua. Okidi haina kipande cha kurudisha. Mrithi wake ni mbegu ya vumbi inayotafuta kuvu, na itachukua miaka kadhaa kabla haijatoa ua lake la kwanza.

Na hapa ndipo kukosa daftari kunapoleta hasara. Sokoni jina ni moja tu: chikanda. Ndani ya gunia moja wanaweza kuwamo Satyrium, Disa na Habenaria za spishi nyingi, nyingine zilizoenea milima mingi na nyingine zisizopatikana popote duniani isipokuwa kwenye milima michache ya kwetu. Kiazi kikishakauka, ni nani atakayezitofautisha? Spishi inaweza kumalizika katika gunia, ikapimwa kwa kilo, ikalipiwa, ikaliwa, na hakuna mtu aliyejua kwamba ile ilikuwa ya mwisho. Huko ndiko kupotea bila habari.

Wala jambo hili si letu peke yetu. Nchini Uturuki viazi vya okidi hutwangwa kuwa unga uitwao salepi, wa kinywaji cha moto na wa aiskrimu. Kilo moja ya unga huo hutaka viazi zaidi ya elfu moja. Huko nako okidi zimepungua sana, mpaka serikali yao ikapiga marufuku kuuza salepi halisi nje ya nchi.

WANAOCHIMBA NI NANI?

Ndugu Mwenyekiti, ningekuwa nimesema nusu ya ukweli kama ningeishia hapo. Wanaochimba si watu waovu. Ni wanawake na watoto wa vijiji ambavyo wengi wetu tumetoka. Kiazi hakihitaji mbegu, mbolea, wala shamba. Kinahitaji jembe dogo na miguu. Fedha yake hununua sare, sabuni, nauli na madaftari. Huenda hata humu bwaloni yumo kijana ambaye godoro lake lilinunuliwa kwa viazi hivyo. Asione haya. Aliyempatia alimtakia mema.

Lakini nataka kijana huyo aulize nyumbani swali moja: mwaka huu mmekwenda mbali kiasi gani kuvipata? Kama jibu ni kwamba zamani vilikuwa nyuma ya nyumba na sasa ni mwendo wa siku nzima, basi biashara hii haitamsomesha mdogo wake. Mchimbaji ndiye atakayekuwa wa kwanza kupoteza kipato.

Sheria nazo zipo. Okidi zote duniani zimo katika orodha za mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini kutoweka, ujulikanao kwa kifupi CITES. Mkataba huo ulitiwa saini mwaka 1973, ukaanza kutumika 1975, na nchi yetu ni mwanachama. Maana yake ni kwamba okidi ya porini haivuki mpaka bila kibali. Isitoshe, mwaka 2005 uwanda wa Kitulo, ulio katika kimo cha mita 2,600 hivi, ulitangazwa kuwa Hifadhi ya Taifa, eneo la kilometa za mraba 413 hivi. Ni hifadhi ya kwanza katika Afrika ya tropiki kuanzishwa hasa kwa ajili ya mimea yake. Imetajwa kuwa na aina 45 za okidi za ardhini, na wenyeji huiita Bustani ya Mungu. Hilo ni jambo la kujivunia. Lakini milima yetu haiko yote ndani ya hifadhi, na mimi niliyezoea kazi za mihuri nawaambieni wazi: muhuri peke yake haujaotesha mmea.

JE, OKIDI ZINALIMIKA?

Zinalimika, kwa masharti. Mwaka 1922 Mmarekani Lewis Knudson alionyesha kwamba mbegu ya okidi inaweza kuota ndani ya chupa bila kuvu, ikiwekwa juu ya utelezi wenye sukari na chumvichumvi, mradi kila kitu kiwe safi kabisa. Kazi ya kuvu ikafanywa na chupa. Kutokana na ugunduzi huo, okidi za mapambo zinazouzwa leo kwa mamilioni zinatoka mashambani na maabara, siyo porini. Singapore walichagua okidi iliyozalishwa bustanini kuwa ua lao la taifa mwaka 1981, na Thailand husafirisha maua ya okidi duniani kote kama sisi tunavyosafirisha kahawa. Watafiti nao wamekuwa wakijaribu kuotesha aina za chikanda pamoja na kuvu zake. Kazi hiyo inataka vijana wenye subira na mikono safi, na sioni kwa nini wasitoke hapa.

Okidi moja inalimwa kwa chakula karibu nasi, nayo ni vanila. Asili yake ni Meksiko. Ilipopelekwa katika visiwa vya Bahari ya Hindi ilichanua bila kuzaa, kwa kuwa mdudu wake hakusafiri nayo. Wataalamu wakahangaika. Mwaka 1841, katika kisiwa cha Réunion, mtoto mtumwa wa miaka 12 aitwaye Edmond aligundua njia ya haraka: kwa kijiti chembamba aliinua kijiwambo kilichomo ndani ya ua, akabana kwa kidole gumba chavua igusane na sehemu ya kike. Kazi ya sekunde chache. Njia hiyo ndiyo inayotumika mpaka leo, na mkulima wa Kagera au wa Uganda anapoamka asubuhi kushika maua ya vanila moja moja, kwa kuwa kila ua hufunguka siku moja tu, anamwiga mtoto yule. Edmond alipewa uhuru mwaka 1848 pamoja na watumwa wengine na kuitwa Albius; alikufa maskini mwaka 1880, na mali aliyoifungua ikawatajirisha wengine. Wadogo zangu wa miaka 14 na 15, msimruhusu mtu awaambie kwamba ninyi ni wadogo mno kugundua kitu.

Nawaonya tu kwamba vanila hupenda joto na unyevu; kwenye baridi yetu haifai. Na bei yake hupanda na kushuka kama homa, kwa hiyo asiing'oe mtu kahawa yake kwa ajili ya uvumi.

Anayetaka kutunza okidi kwa furaha yake mwenyewe, aanze na ya mitini iliyoanguka na tawi, tena baada ya kumwuliza ofisa misitu wa mahali pake. Asiipande katika udongo, mizizi itaoza. Aifunge kwenye gogo lenye gome gumu, au aiweke katika kikapu chenye vipande vya mkaa na gome. Aitundike penye kivuli chepesi na upepo. Ainyweshe vizuri wakati inachipua, na apunguze maji inapopumzika. Ile ya ardhini asiihamishe kamwe. Huwezi kuihamisha na kuvu yake, na mara nyingi utakuwa umeiua kwa mapenzi.

OMBI LANGU

Namalizia kwa ombi. Hapa nimeleta daftari kubwa la kurasa 200, lenye jalada gumu, na lenzi ya mkono. Namkabidhi mwalimu wa biolojia. Naomba kila msimu wa mvua wanafunzi watakaopenda watembee mlima wetu kwa zamu na kuandika: tarehe, mahali, jenasi, spishi ikijulikana, rangi, idadi ya mimea iliyosimama, na idadi ya mashimo yaliyochimbwa. Wasichume. Wachore, au wapige picha. Mwaka wa kwanza kazi hiyo itaonekana kama mchezo. Mwaka wa 10, litakuwa daftari ambalo hakuna ofisi inayo, na mtu akija kuuliza kama okidi zimepungua, shule hii haitajibu kwa kukisia.

Kwenu kaka zangu wa Umoja, naomba tuchange kidogo kidogo kwa ajili ya chumba safi kidogo na chupa za kuoteshea. Tumeshachangia viti na rangi za madarasa, na tumefanya vyema. Tuchangie na hili.

Ndugu Mwenyekiti, nimetumia dakika zaidi ya nilizopewa, na naisikia harufu ya wali kutoka jikoni, jambo ambalo enzi zetu lilitokea kwa nadra sana.